Sahani ya Mzee: Uchambuzi wa Kisa cha Samaki wa Mvuke

Nyumba iko Mbagala, Dar es Salaam. Wanakaa watu sita: mzee mstaafu mwenye presha, mkewe, kijana wao, mke wa kijana, na wajukuu wawili. Kliniki mzee aliambiwa apunguze chumvi na mafuta, aendelee na vidonge, kisha arudi kupimwa. Ale nini badala ya alivyozoea, hilo hakuambiwa, au aliambiwa akaliacha mlangoni. Mkamwana akalibeba yeye. Akatazama video kwenye simu, akaenda Kariakoo kununua sufuria ya mvuke yenye ngazi tatu, akaanza kumpikia baba mkwe wake samaki na mboga pembeni, huku nyumba nzima ikiendelea na ugali na samaki wa kukaanga kama kawaida.

Hazikupita wiki nyingi mzee akaanza kususa. Anakula matonge mawili matatu, anasema ameshiba, jioni anaonekana kwenye banda la chipsi. Mama mkwe naye akawa na neno kila siku. Mkamwana ndiye aliyenifuata. Mimi ni mpishi wa shughuli, si mtu wa hospitali. Ninachoweza kuchunguza ni samaki, sufuria, saa ya ukutani na kile kinachofika mezani. Nimekiandika kisa hiki kwa ridhaa ya wenyewe kwa sababu kina jambo moja ambalo wengi wanaohamia kwenye mvuke hawalioni: katika nyumba ile, sahani yenye chumvi nyingi kuliko zote ilikuwa ya mzee.

Mlo ulivyopikwa

Nilimwomba apike kama anavyopika siku zote, nami nisiguse kitu.

Samaki alikuwa kibua, amenunuliwa asubuhi Feri, soko la samaki la Kivukoni. Chaguo la mfuko, na si baya: kibua ana mafuta mazuri kwa moyo. Lakini alisafiri kutoka Kivukoni hadi Mbagala ndani ya mfuko wa kawaida, kwenye daladala, kwenye foleni, bila hata kipande cha barafu. Nyumbani akakaa kwenye beseni jikoni hadi karibu adhuhuri. Kisha akatumbuliwa, akaoshwa, akakatwa vipande, akapangwa ngazi ya chini, kipande juu ya kipande. Ngazi ya kati ikapokea karoti na kabichi, ya juu mchicha. Maji ya bomba yakamiminwa chini, mfuniko ukafunikwa, ndipo gesi ikawashwa.

Dakika arobaini. Nilimuuliza kwa nini arobaini.

"Video ilisema ishirini, dada. Lakini samaki wetu hawa lazima aive kwelikweli."

Alipofunua, kibua alikuwa amejikunja, mkavu, ana utando mweupe mgumu juu ya nyama. Mchicha ulikuwa umegeuka rangi ya sare za jeshi. Kabichi ilikuwa inatoa ile harufu nzito inayotoka kabichi ikipikwa kupita kiasi. Karoti pekee ndizo zilizotoka salama. Jiko zima lilinuka shombo, na maji ya chini yalikuwa yamebaki ya kufunika kitako cha sufuria tu.

Akapakua. Juu ya sahani ya mzee akamimina vijiko vikubwa viwili vya soya sosi, kama alivyoonyeshwa kwenye video.

"Baba, karibu chakula."

"Ahsante, mwanangu." Mzee alionja, akatafuna muda mrefu. "Hiki chakula cha wodini, mwanangu. Nimelazwa?"

Mama mkwe akainuka bila kusema, akarudi na bakuli la kachumbari aliyoitia chumvi kwa mkono wake, akaisogeza mbele ya mumewe. "Kula, bwana, usimvunje moyo mtoto wa watu."

Chumvi ilikoingilia

Tuanze na hesabu, maana ndiyo iliyomshtua mkamwana kuliko neno la wodini. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidi gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani miligramu 2,000 za sodiamu. Ni kama kijiko kimoja cha chai, kikiwa hakijajaa sana, tena kwa vyakula vyote vya siku hiyo pamoja na mkate na chai ya jioni na vitafunwa vyake. Kijiko kikubwa kimoja cha soya sosi ya kawaida kina takriban miligramu 900 za sodiamu. Viwili ni 1,800. Mzee alikuwa anakaribia kumaliza haki yake ya siku nzima kwenye sahani moja ya mchana, kabla ya kachumbari.

Samaki wa kukaanga waliokula wenzake siku hiyohiyo walikuwa wamepakwa chumvi kidogo na ndimu, basi. Wenzake walikula mafuta zaidi, kweli, ila kwa upande wa chumvi, ambao ndio unaomhusu zaidi mtu wa presha, walikuwa wamemzidi mzee kwa usalama.

Soya sosi haikuwa uzembe wa mkamwana. Video aliyoifuata ilikuwa na mapishi ya mtindo wa Kikantoni, ule wa kusini mwa China na Hong Kong: samaki mzima anaivishwa kwa mvuke, anamwagiwa soya sosi, tangawizi na majani ya kitunguu, kisha mafuta yaliyochemka. Ni mapishi mazuri mno, nami nimeyapikia wageni. Yameandikwa "afya" kwa kuwa hayana kukaanga. Lakini afya ya nani? Mwenye kutaka kupungua mwili atafaidika. Mwenye presha anapaswa kusoma chupa kwanza. Kasoro ileile imo kwenye vile vipande vya kiungo cha supu vinavyouzwa kila duka la mtaa, ambavyo sehemu kubwa ya uzito wake huwa ni chumvi.

Lakini kuondoa soya sosi peke yake kusingesaidia. Iliwekwa kwa sababu chakula kilikuwa hakina ladha, na kachumbari ya chumvi ilikuja kwa sababu hiyohiyo. Ungeificha chupa, chumvi ingepata njia nyingine ya kufika mezani. Ilibidi kuuliza kwa nini samaki yule hakuwa na ladha.

Mvuke na kazi yake

Watu hudhani mvuke ni moto mpole, kwa hiyo ukiuacha muda mrefu hauharibu kitu. Aliyewahi kuunguzwa na mvuke wa sufuria ya ubwabwa anajua si hivyo. Gramu 1 ya mvuke inapogusa samaki baridi na kurudi kuwa maji huachia joto la karibu jouli 2,260. Gramu hiyohiyo ya maji kuipasha kutoka nyuzi 30 hadi 100 kunahitaji jouli 293 hivi tu. Ndiyo maana mvuke, ingawa hauzidi nyuzi 100 kwenye sufuria isiyo ya presha, unaivisha haraka kuliko tanuri lenye hewa kavu ya moto zaidi ya hapo.

Nyama ya samaki nayo haihitaji mengi. Nyuzi zake ni fupi, na tishu inayozishika ni nyembamba na huyeyuka mapema, si kama ya ng'ombe ambaye lazima umchemshe hadi akubali. Protini za samaki huanza kuganda kwenye nyuzi 40 na kitu. Nyuzi 63 katikati ya nyama zinahesabiwa kuwa salama. Ukipita hapo ukaendelea, protini zinajikaza na kuyakamua maji yaliyokuwa ndani, na ule utando mweupe alioutoa kibua wetu ni protini iliyosukumwa nje ikagandia juu. Samaki anaweza kukauka akiwa katikati ya mvuke, amelowa nje, ndani amekuwa pamba. Mkamwana hili hakuliamini mpaka tulipoweka vipande viwili pamoja, kimoja tukakitoa mapema na kingine tukakiacha.

Kwa kipande chenye unene wa kama sentimita 2.5, dakika nane hadi kumi zinatosha, ukihesabu tangu maji yalipokuwa yanachemka kwa nguvu. Samaki mzima wa gramu 500 hadi 600, aliyechanjwa ubavuni, dakika kumi na mbili hadi kumi na tano. Asiye na kipimajoto atumie ncha ya kisu karibu na uti wa mgongo pale penye unene: nyama ikiachana na mfupa na haina tena ule ung'avu kama kioo, ameiva. Mimi humtoa dakika moja kabla ya hapo, kwa kuwa anaendelea kuiva kwenye sahani. Aliyeko Mbeya au Nairobi aongeze dakika moja au mbili, maana kwenye miinuko ile maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi, na mvuke wake si wa moto kama wa pwani.

Kuanza na maji baridi, kama ilivyofanyika siku ile, kunaharibu hesabu yote. Samaki anakaa kwenye uvuguvugu, anatoa maji polepole, na hujui dakika zako zimeanza lini. Maji yachemke kwanza. Na vipande visirundikane, kwani matundu ya ngazi yakizibwa mvuke unapita pembeni ya sufuria na kile cha katikati kinabaki kibichi; labda hofu yake ya "lazima aive" ilizaliwa hapo.

Jambo moja alilipatia bila kuambiwa: samaki alikaa chini na mboga juu. Ukigeuza, maji ya samaki yanadondokea mchicha.

Kuhusu ladha, tukubaliane kwamba mvuke hauleti ile harufu ya kitu kilichokaushwa kikawa cha kahawia. Harufu hiyo inazaliwa kwenye mafuta ya nyuzi 170 au 180, au kwenye makaa. Ukimtarajia samaki wa mvuke awe na ladha ya wa kukaanga utasikitika kila siku. Ladha yake inaingia kabla hajapanda jikoni na baada ya kushuka, na aliyezoea kutegemea kikaango kimfanyie kazi hiyo huwa anazisahau nafasi zote mbili.

Barafu

Nimesema kibua si chaguo baya. Kilichombomoa ni safari. Mafuta ya kukaangia yana ukarimu wa kusitiri, yanaficha samaki aliyechoka. Mvuke unamwanika mbele ya watu. Shombo iliyojaa jikoni ilikuwa ya samaki aliyeshinda kwenye joto.

Na kuna zaidi ya harufu. Kibua, jodari, nguru na dagaa wana tabia ambayo kila mnunuzi anapaswa kuijua: wakikaa kwenye joto, bakteria hugeuza kitu kilichomo katika nyama yao kuwa histamini, na histamini ikishatengenezwa haiondoki kwa kupika, uwe umekaanga, umechemsha au umetia mvuke. Anayemla anaweza kuwashwa na kuwa mwekundu usoni, kichwa kikagonga, moyo ukaenda mbio, mara nyingi muda mfupi baada ya mlo, naye akadhani ana mzio wa samaki. Tena samaki huyo huenda asinuke vibaya. Dawa yake ni baridi tangu anapotoka majini. Kwa joto letu ushauri wa kawaida ni kilo moja ya barafu kwa kilo moja ya samaki; mwanamke wa Mbagala hawezi kubeba hayo kwenye daladala, lakini ndoo ndogo yenye mfuniko na chupa mbili za maji yaliyogandishwa usiku inawezekana, na ndivyo anavyofanya sasa.

Feri kwenyewe tulikubaliana afike mapema, amtazame samaki macho (yamejaa, hayajazama), afunue mashavu (mekundu, bila ute unaonuka), abonyeze nyama (inarudi). Wapara samaki pale wanampara na kumtumbua kwa ujira mdogo, na hilo ni jema, ila aombe aoshwe kwa maji safi. Kwa mvuke nampendelea samaki wa nyama nyeupe asiye na mafuta mengi: changu, tasi, chewa, kolekole mdogo. Wa bara wana sato, na sato mbichi wa ziwani kwa mvuke ni mlo wa maana. Kibua abaki, kwa siku aliyopatikana mbichi kabisa.

Mlo wa pili

Tulipika tena, safari hii kwa watu wote sita. Nilisisitiza hilo kuliko kitu kingine.

Changu wawili, kila mmoja gramu 600 hivi, wakachanjwa mara tatu kila ubavu. Chumvi nusu kijiko cha chai, iliyosawazishwa kwa kisu, kwa samaki wote wawili: karibu gramu 3, ambayo kwa walaji sita ni nusu gramu kila mmoja. Mkamwana aliitazama kijikoni akacheka. Tuliisugua ndani ya machanjo, siyo juu ya ngozi ambako ingeteleza na maji. Ndimu moja; ndimu inafaa kwa sababu shombo ni ya asili ya magadi na tindikali huikata, lakini ikikaa muda mrefu inaanza kuikaza nyama kabla ya moto, kwa hiyo dakika kumi tu. Tangawizi na kitunguu saumu vilivyotwangwa vikaingia kwenye machanjo na tumboni, pamoja na pilipili mbuzi iliyochanwa bila kukatwa. Mchaichai tukaufunga fundo tukautupa kwenye maji ya chini.

Nilimshauri pia aiache ile ngazi yake yenye matundu, amweke samaki kwenye sahani ya bati iliyotandikwa jani la mgomba lililobabuliwa motoni likalainika. Sahani inashika maji anayoyatoa samaki, na ndiyo mchuzi wake. Kwenye ngazi ya matundu maji hayo yalikuwa yanadondoka chini na kumwagwa, yaani alikuwa anatupa ladha kisha anakwenda kununua nyingine ya chupa. Jani linatia harufu yake na kuzuia ngozi isigande. Si ugeni huo: Waganda wana luwombo, kitoweo kinachoivia ndani ya jani la mgomba kwa mvuke, na Wakongo wana liboke ya samaki aliyefungwa majani. Asiye na sufuria ya ngazi anaweza kufanya yote haya kwa sufuria kubwa, bakuli la bati lililofunikwa kifudifudi kama kiti, sahani juu yake, na mfuniko uliofungwa kitambaa ili matone yasidondokee chakula. Sioni ulazima wa kwenda Kariakoo.

Chini kabisa, kwenye maji yenyewe, tulitia viazi vitamu. Nyumba ina jiko la gesi lenye mdomo mmoja, na malalamiko mojawapo ya mama mkwe yalikuwa kwamba chakula cha mzee kinakula gesi. Viazi vilianza peke yake, na vilipokaribia robo saa samaki akapanda. Mlo mzima ukaivia juu ya moto mmoja.

Mboga zilipanda kwa zamu, na hapa pana kazi ya saa. Karoti zilizokatwa vipande vyembamba na nyanya chungu zilizopasuliwa nusu ziliingia pamoja na samaki. Bamia nzima ziliingia zikiwa zimebaki dakika tano; zisikatwe, utelezi utabaki ndani. Mchicha ulikuwa wa mwisho, dakika mbili au tatu, funua, weka, funika. Rangi ya kijani ya majani inakufa kwa joto la muda mrefu likichanganyika na tindikali, hata ile kidogo iliyomo ndani ya majani yenyewe, kwa hiyo ndimu ya mchicha inakamuliwa sahanini.

Mama mkwe, ambaye alikuwa ameanza kusogea karibu na jiko, alipendekeza kisamvu kiwekwe ngazi ya juu. Hapana. Kisamvu kina viasili vinavyotoa sianidi, ambayo ni sumu. Ndiyo maana bibi zetu walikitwanga na kukichemsha kwa muda mrefu. Dakika chache za mvuke juu ya majani mazima hazifanyi kazi hiyo. Matembele ni sawa, maboga ni sawa, kisamvu kibaki kwenye kinu na sufuria yake.

Mafuta, ambayo mkamwana alikuwa ameyafuta kabisa, niliyarudisha. Rangi ya njano ya karoti na boga, iliyomo pia kwenye mchicha ingawa imefunikwa na kijani, ndiyo mwili unayoigeuza kuwa vitamini A, na haifyonzwi vizuri tumboni bila mafuta kidogo. Kijiko kikubwa kimoja cha mafuta ni gramu 14 hivi, kalori karibu 120. Kwa watu sita ni 20 kwa kila mmoja. Tuliyapasha na vitunguu saumu vilivyokatwa mpaka vikalia, tukayamwaga juu ya samaki na mboga wakati wa kupakua. Ule mlio ndio uliomleta mzee jikoni.

Niongeze neno la kuutetea mchuzi, maana mkamwana alikuwa ameupiga marufuku. Kinachosemwa kuhusu vitamini C kupotea kwenye maji ya kuchemshia ni kweli, na mvuke unaihifadhi zaidi. Lakini inapotea pale unapomwaga maji. Mchuzi mwepesi wa samaki unaounywa haujatupa kitu. Nyumba yenye mtu wa presha haihitaji kula mvuke kila siku. Mchuzi wa nyanya na ukwaju usio na kipande cha kiungo, wenye chumvi iliyopimwa, una haki sawa mezani.

Mezani

Naamini kilichomrudisha mzee kilikuwa zaidi ya changu. Alikuwa ametengwa. Mume na baba wa nyumba anawekewa sahani yake pembeni, chakula cha rangi nyingine, huku wajukuu wanavunja samaki wa kukaanga mbele yake. Hata kingekuwa kitamu namna gani, kile kilikuwa kinamwambia kila mchana kuwa anaumwa. Siku ile lilikuja sinia moja. Samaki wawili wazima na vichwa vyao, viazi pembeni, mboga kuwazunguka, ndimu zilizokatwa, na pilipili ya kusaga kwa mwenye kuitaka. Kachumbari ilikuwepo, bila chumvi, na ndimu nyingi. Kichwa cha changu mmoja kilikwenda kwa mzee kama inavyotakiwa.

"Leo mmepika," alisema, na mama mkwe akajibu kwamba tangawizi aliitwanga yeye.

Jibu hilo nalihesabu kuwa sehemu ya tiba. Huyu mama amelisha nyumba hii miaka yote kwa nazi na kikaango, kisha mkamwana analeta sufuria yenye ngazi na kufuta kila anachokijua. Alipopewa nafasi ya kutwanga viungo, kuchagua samaki, na baadaye kuandaa tui zito la kijiko kimoja kimoja badala ya mafuta, vita ya chini kwa chini ilipoa. Mkamwana aliyaona haya mapema kuliko mimi, ndiye aliyesema, "Mama, njoo unionyeshe unavyochanja."

Wanachokifanya sasa ni mvuke siku mbili au tatu kwa wiki kwa watu wote, mchuzi siku nyingine, na kukaanga hakujafa. Watoto hawazitaki bamia na hakuna aliyewalazimisha. Kuhusu presha yenyewe sitatoa hadithi: mzee anameza vidonge, anatembea asubuhi, amebadilisha mengi kwa wakati mmoja, na vipimo ni vya kliniki kuvisema. Ninachoweza kusema ni kwamba chupa ya soya sosi ilinunuliwa mara ya mwisho zamani, na sahani ya mzee sasa ina chumvi sawa na za wenzake.

Kilichobaki ni ng'onda, yule samaki aliyekaushwa kwa chumvi. Mama mkwe hamwachi, na mzee hajifichi kuwa anamtamani. Mkamwana aliniuliza kama akimpika kwa mvuke chumvi itatoka. Haitatoka. Chumvi inahitaji maji ya kuibeba, na mvuke unaolowesha ngozi ya samaki ni kidogo mno kwa kazi hiyo. Ng'onda analowekwa usiku kucha, maji yanabadilishwa, asubuhi anachemshwa na maji hayo yanamwagwa. Hata hapo anabaki na chumvi ya kutosha kiasi kwamba mchuzi wake hautiwi nyingine, na mzee anapewa kipande cha kuonjea, siyo fungu. Wamekubaliana mara moja kwa mwezi. Mama mkwe anasema mwezi una wiki mbili.